Chupa Sita za Pilipili Tamu

Pilipili ya kwanza yenye sukari niliyoila maishani mwangu niliila Kakuma, nimesimama, gunia la vitambaa begani, nikiwa na haraka ya kuwahi gari la kurudi Lodwar. Mimi ni fundi wa nguo. Kila Alhamisi huenda Kakuma kununua vitambaa kwa wafanyabiashara wa soko la kambi ya wakimbizi, na nikimaliza hupitia kwa rafiki yangu, mama mmoja wa Sudan Kusini mwenye kibanda cha chakula: maharagwe, nyama ya mbuzi, chapati, chai. Siku hiyo alinitilia kando ya maharagwe kijiko kimoja cha pilipili nyekundu zilizokatwa pete pete, zinang'aa.

Nikatia mdomoni bila kufikiri. Kwanza ikaja sukari. Nikasema moyoni, huyu leo amekosea, amenipa jemu. Halafu siki ikanibana mashavu, na kabla sijameza, moto ukafika, ukapanda mpaka masikioni. Nikaweka gunia chini. Nikavuta kiti. Gari likaniacha na sikujali hata kidogo.

"Hii ni nini?" nikamwuliza.

"Pilipili."

"Najua ni pilipili, mimi si mtoto. Umeifanya nini?"

Akacheka mpaka akashika kiuno. Kisha akanieleza palepale bila kuficha chochote, huku akigeuza chapati: siki, sukari, chumvi, kitunguu saumu, tangawizi kidogo, na siku tatu za kungoja. Akasema hana wakati wa kutengeneza za kuwatosha wateja. Chupa ikifunguliwa asubuhi, mchana imelambwa.

"Wewe jaribu," akaniambia kwa kile Kiswahili chake cha Kakuma. "Alhamisi lete chupa sita. Watu yangu ikipenda, kila wiki unaleta."

Nilirudi Lodwar na gari la baadaye nikicheka peke yangu dirishani, mpaka abiria wa kando akasogea. Miaka yote nimeshona sare za shule, sketi ileile, kola ileile, na sasa mtu ananiambia nilete kitu kipya, kitu kitamu, kitu chekundu. Roho ilikuwa juu juu. Nilitaka kufika nyumbani nimwambie mama.

Mama yangu alikuwa amekaa kwangu, mtaa wa Nawoitorong, miezi mitano. Maisha yake yote ni mbuzi. Kiangazi kilipowamaliza, nilikwenda kumchukua mwenyewe kule kaskazini, upande wa Todonyang, kwa sababu presha ilikuwa imempanda na kule hakuna wa kumpima. Hapa Lodwar anatembea kidogo tu anapata dawa zake. Nilimnunulia godoro. Nilimpa chumba changu. Na kila aliposhika kitu nilimwambia, mama, wacha, pumzika. Akishika ufagio, nampokonya. Akishika mtungi, namwambia mgongo wako. Akianza kupepeta mahindi, nachukua ungo. Majirani walinisifu kwamba namtunza mama kama yai, nami nikavimba kichwa.

Basi nikafika, nikamwagia habari zote za pilipili bila kupumua. Akanisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema lori la samaki likija wiki ijayo, Ijumaa asubuhi, atarudi nalo kaskazini.

"Kwa nani, mama? Mbuzi wameisha."

"Kwa dada ya baba yako."

"Na dawa?"

Aliigeuza mikono yake, akaitazama upande huu na upande huu. "Hii mikono haijafanya kitu tangu nije," akasema. "Nimechoka kukaa."

Nilijua maana yake. Shangazi anaishi mbali na zahanati, na mama akiishiwa na vidonge hatamwambia mtu. Nilijua akipanda lori lile sitamwona tena akiwa mzima. Nikamsihi, akatikisa kichwa. Nikamgombeza, maana mimi nikimpenda mtu namgombeza, ndivyo nilivyoumbwa. Nikamwambia ana kichwa kigumu. Akasema ndiyo, nami nimekirithi kwake. Tukaishia hapo, nami nikiwa na wiki moja tu ya kumgeuza nia.

Lakini mtu hawezi kulia wiki nzima, na mimi pilipili zilikuwa zimeniingia kichwani. Ijumaa, Jumamosi, na Jumapili baada ya kanisa, nilizunguka Nawoitorong yote nikitafuta chupa. Si mchezo kupata chupa ya kioo yenye kifuniko chake Lodwar. Mwenye chupa ameitia misumari, au chumvi, au amepanda ua. Nilibembeleza, nikaahidi kushona bure vifungo vya watu, nikapata chupa sita za jemu. Nilizipanga mezani nikawa nazitazama nikipita.

Jumatatu nikaamkia sokoni kununua pilipili mbuzi, zile fupi zenye mikunjo, nyekundu na za manjano. Harufu yake peke yake inakupigisha chafya. Nilizichagua moja moja, muuzaji akaniuliza kama nachagua mchumba. Nikamwambia mchumba sikumchagua kwa makini hivi.

Nyumbani nikajipaka mafuta ya kupikia mikononi, kwa sababu rafiki yangu alinionya kwamba pilipili ikikuingia kwenye ngozi kavu utalala umezamisha mikono kwenye maji. Nikakata pete, nikatoa mbegu nusu na nusu nikaziacha. Mama alikuwa amekaa kwenye kigoda mlangoni, ananitazama.

"Hiyo ni dawa?" akauliza.

"Ni chakula."

"Cha nani?"

Nikampa pete moja. Watu wa umri wake, waliokulia kwenye maziwa, nyama na damu, pilipili hawaijui. Akaitafuna taratibu kama anayekagua kitu cha mwenzake. Machozi yakamtiririka mashavuni, yakafika kwenye shanga, naye ametulia tuli.

"Watu wa mji," akasema mwishowe, "mnakula moto halafu mnauita chakula."

Nilicheka nikakaa chini. Naye akacheka, mara ya kwanza tangu siku ile ya habari za lori. Nikaona mambo yanaanza kunyooka. Nikabandika siki na sukari jikoni, nikatia chumvi na kitunguu saumu. Chumba kikajaa harufu inayokata koo na kukuita wakati huohuo. Nilisahau nikajikuna pua, nikaruka ruka uani kama ndama, na mama akacheka tena.

Hapo ndipo nikagundua siki haitoshi. Ilikuwa imechemka sana ikapungua. Chupa za jemu nilikuwa nimeziosha kwa sabuni nyingi na kuzipindua mezani zikauke. Nikajifunga leso.

"Mama, nakwenda dukani, narudi sasa hivi. Usiguse kitu. Kaa tu."

Duka la karibu siki imeisha. La pili walinionyesha sosi ya nyanya. Nilikwenda mpaka katikati ya mji kwa miguu nikaipata, nikarudi karibu nakimbia. Nilipokaribia nyumba nikaona moshi unatoka mlangoni mwa jikoni, moshi mweupe, mwembamba. Nikajua sufuria yangu imeungua.

Haikuwa sufuria. Mama alikuwa amekaa chini kwenye mchanga, miguu ameinyoosha, chupa yangu ya jemu katikati ya mapaja. Ndani ya chupa alikuwa ametia kijiti chenye kaa la moto. Anakizungusha, anakitoa, anaziba mdomo wa chupa kwa kiganja, anaitikisa, anaacha moshi utoke, anarudia.

Kwetu maziwa hayaingii kwenye chombo kisichopigwa moshi. Hata kama maji yapo tele, chombo cha chakula kinasafishwa kwa kaa la mti maalumu, si mti wowote, na mwanamke mwenyewe ndiye huchagua vijiti vyake na kuviweka. Maziwa ya chombo hicho hukaa siku nyingi bila kuharibika, na yana utamu wa moshi ambao mtoto akiuzoea haachi. Ukipewa maziwa kwenye boma, unajua ni ya nani kwa harufu tu. Mama yangu alikuwa na jina kwa vyombo vyake. Watu walikuwa wanaulizia.

Yote hayo nayajua. Lakini wakati ule nilichokiona ni chupa nne zimegeuka rangi ya chai ndani, ya tano iko mikononi mwake, na ya sita iko kwenye mchanga, imepasuka vipande viwili.

"Mama, nani alikutuma?"

"Vyombo vilikuwa vinanuka sabuni," akasema. "Utawekaje chakula kwenye sabuni?"

"Hizi ni chupa, si vibuyu. Umeniharibia kila kitu. Si nilikwambia ukae?"

Nilisema kwa sauti kubwa. Jirani alichungulia. Nikaona uso wa mama unafunga, hivi, kama mtu anavyofunga mlango bila kuubamiza. Aliweka ile chupa ya tano mezani vizuri, akajipangusa mikono, akaingia chumbani. Alipotoka alikuwa na mzigo wake: shuka zake mbili, ngozi yake ya kulalia na vitu vyake vidogo vidogo, amevifunga kwa ule mkanda wake wa ngozi. Akauweka kando ya mlango wa mbele. Ilikuwa Jumatatu, na lori ni Ijumaa. Alitaka niuone kila nikiingia na kila nikitoka.

Nilikuwa na hasira na nilikuwa na aibu, na mimi vikichanganyika hivyo viwili siwezi kuomba msamaha, naongeza kelele za sufuria. Nikaosha chupa kwa maji ya moto mara mbili. Moshi haukutoka. Chupa nyingine sina, pilipili zimekatwa, siki inachemka. Nikajaza hizo tano hivyohivyo, huku nimenuna. Ya sita nikachukua chupa yangu ya kahawa, nikamwaga kahawa kwenye kikombe, nikaiosha, nikaijaza. Nikajiambia, angalau hii moja ni safi. Nitaanza na hii.

Siku tatu hatukuongea zaidi ya salamu. Asubuhi ananiambia ejok, namjibu ejok, basi. Anameza vidonge vyake, anakaa. Mzigo uko palepale. Na pilipili ziko kwenye rafu, nyekundu, zinazidi kulainika, nami siku zote hizo nilipita nikizitazama kwa chuki.

Alhamisi nikabeba chupa zangu sita kwenye katoni, nimezizungushia mabaki ya vitambaa. Kibandani kwa rafiki yangu nikatoa ile ya kahawa kwanza. Zile nyingine nikaziacha chini ya meza, nimezifunika.

Akafungua, akachukua pete moja, akatafuna. "Iko sawa," akasema. "Kama yangu."

Sikujua nifurahi au nilie. Nikasema nashukuru. Akaniuliza zile zingine ziko wapi, si alisema sita. Nikamwambia zimepata ajali kidogo. Akainama mwenyewe, akatoa moja, akafungua kifuniko.

Akasimama. Akaisogeza chupa puani, akaitoa, akairudisha. Nyusi zikakutana. Nikaanza kujitetea, kwamba mama yangu ni mzee wa kijijini, kwamba nitaleta zingine. Hakunisikia. Alitia pete mdomoni, akafunga macho, akatafuna polepole, akala ya pili, halafu ya tatu.

Akachukua kijiko, akaanza kupitisha kwenye sahani za wateja bila kuwauliza. Dereva mmoja wa lori, mtu mnene mwenye kofia, alikula, akatazama sahani, akanyanyua sahani nzima akasema aongezewe hiyo nyekundu. Wa kando akataka naye. Mmoja akapangusa mchuzi wake kwa chapati mpaka sahani ikawa kama imeoshwa. Chupa ikaisha tukiwa tunaitazama.

"Nani natengeneza hii?" rafiki yangu akaniuliza.

Nitasema ukweli wangu. Ulimi ulikuwa tayari kusema ni mimi. Ulikuwa umeshafika kwenye meno.

"Mama yangu," nikasema. "Mimi nilikata tu. Yeye ndiye alipiga moshi chupa, kama vyombo vya maziwa. Nikamgombeza."

Akaweka kijiko chini. "Kwetu," akasema, "maziwa ya mama yangu ilikuwa na moshi hivi. Tangu nitoke nyumbani sijasikia hiyo." Akafuta macho kwa pindo la nguo yake, akasema ni pilipili, nami nikakubali kwamba ni pilipili. Kisha akawa mfanyabiashara tena. Akaniwekea ile chupa ya kahawa mkononi. "Hii rudi nayo, hii hata mimi najua kutengeneza. Nataka ya mama. Kila wiki. Na mwambie asipunguze moshi."

Nilichomwa kidogo, sikatai, lakini ilikuwa furaha tupu. Alikuwa na katoni ya chupa tupu nyuma ya kibanda, akanipa zote. Sikununua hata kitambaa kimoja siku hiyo. Njiani nimeikumbatia katoni, chupa zinagongana, nikaanza kufikiri, na kadiri nilivyofikiri ndivyo nilivyozidi kupata joto la aibu. Miezi mitano. Ufagio nilimpokonya mimi. Mtungi, mimi. Ungo, mimi. Mama hakuwa anaondoka kwa kukosa mbuzi. Mimi ndiye niliyekuwa namfukuza, taratibu, kwa kumwambia apumzike.

Nilimkuta amekaa juu ya mzigo wake. Nikapiga magoti mbele yake nikamweleza yote: dereva, sahani, yule mama na maziwa ya nyumbani kwao. Nikamwomba msamaha kwa maneno yale ya Jumatatu.

"Unanidanganya nibaki," akasema.

"Mama, naapa."

"Hata mtoto anayekataa kula huambiwa chakula kimesifiwa na wageni."

Nikamwonyesha ile chupa iliyoisha. Nikamwonyesha ile ya kahawa iliyorudishwa imejaa. Aliinusa ile tupu. Akauliza yule mwanamke ni wa watu gani, nikamwambia ni wa watu wa ng'ombe. Akasema, basi huyo anajua. Lakini mzigo haukutoka mlangoni.

Ijumaa asubuhi niliamka maneno yamenikauka. Nilikuwa nimesema yote na hayakutosha. Basi nikatoka uani na zile chupa tupu, nikaziosha, nikawasha mkaa, nikachukua kaa kwa koleo nikalitumbukiza kwenye chupa ya kwanza, nikaitikisa kama nilivyomwona akifanya. Moshi ukanijaa puani, moshi mbaya, mchungu. Nikatikisa tena. Chupa ikalia ta, ikapasuka mkononi mwangu.

Nikachukua ya pili. Nilijua mama ananitazama kutoka mlangoni, na sikugeuka, kwa sababu nilikuwa nalia na sikutaka aone.

Honi ya lori la samaki ikasikika kutoka barabarani. Nikamsikia mama anasimama. Nikasikia anauinua mzigo wake. Nyayo zake zikaja upande wangu, nikajua anakuja kuniaga. Nikashika ile chupa kwa nguvu nikitazama chini.

Mzigo ukatua kwenye mchanga mbele yangu. Mama akainama, akafungua mkanda wa ngozi, akafunua shuka ya kwanza, akafunua ngozi, na ndani kabisa akatoa tita dogo la vijiti. Vilikuwa vijiti vyake vya vyombo. Alikuwa ametoka navyo kaskazini, akakaa navyo miezi mitano chini ya godoro nililomnunulia, na sasa alikuwa anarudi navyo.

"Umetumia mkaa wa duka," akasema kwa dharau. "Na umezitia sabuni tena, nasikia harufu kutoka kule mlangoni." Alinipokonya ile chupa mkononi, kama nilivyokuwa nikimpokonya ufagio. "Kaa lisiguse kioo. Ile niliyopasua ilinifundisha. Sogea."

Nikasogea. Akakaa chini, akanyoosha miguu, akachomeka kijiti kwenye moto. Honi ikalia mara ya pili, ndefu. Mama alikuwa anapuliza kaa lake, hakuinua kichwa.

"Nenda kamwambie dereva aende," akasema. "Mwambie niko kazini."